Kengele ya Wafaransa

Msomaji mwenzangu, sisi watu wa Dunda tukiulizwa asili yetu hatukosi jibu. Huyu atakwambia babu yake alitoka Shirazi. Yule Hadhramaut. Mwingine Mzaramo, mwingine Mkwere, na asiyejua kitu kabisa atasema tu kwamba ukoo wao zamani ulikuwa na majahazi. Nimekaa vijiweni tangu nikivaa kaptula mpaka nimemaliza kidato cha nne na kubaki na madaftari yangu ya riwaya chini ya kitanda, lakini sijapata kumsikia hata mtu mmoja akisema: mimi ni mjukuu wa mtumwa.

Hata mmoja! Na mji wetu ndio huu waliopitishwa watumwa maelfu kwa maelfu, kutoka Tabora, Ujiji na kwingineko, pamoja na pembe za ndovu, kwenda Unguja. Sasa najiuliza, jamani, hao watu wote walikwenda wapi? Wote walipakiwa majahazini? Hakuna aliyebaki hapa akaoa, akazaa, akazikwa?

Swali hilo ndilo lililonifikisha kwenye kijiji cha Wafaransa. Nilikuwa naandika riwaya, na katika sura ya tatu nilihitaji mtumwa mmoja atoroke usiku. Nikashika kalamu, nikaona sijui hata angekimbilia wapi. Mzee mmoja wa mtaani kwetu akaniambia, "Sasa si angekimbilia misheni, kwa Wafaransa? Wewe umezaliwa hapa halafu hujui?" Niliona haya. Kesho yake nikaenda.

Kutoka Dunda si mbali. Unalipita Boma la Wajerumani la mwaka 1897, unakwenda kaskazini, na baada ya mwendo wa nusu saa hivi unaingia kwenye njia yenye miembe mikubwa pande zote mbili. Mbele unaona majengo, kanisa, makaburi, na upande wa bahari msalaba mkubwa. Sisi wenyeji tunapajua kama mahali pa kupeleka wageni. Mgeni akija kutoka Dar es Salaam tunampeleka Kaole akaone magofu ya msikiti wa kale, tunampeleka misheni akapige picha, halafu tunamrudisha mjini ale samaki. Basi.

Wafaransa hao walikuwa mapadre wa Shirika la Roho Mtakatifu. Walifika Unguja mwaka 1863, na mwaka 1868, kwa ridhaa ya Sultani Majid, wakavuka kuja bara na kujenga hapa Bagamoyo. Kiongozi wao alikuwa Padri Antoine Horner. Huyu alikuwa mtu wa Alsace, mkoa wa mashariki mwa Ufaransa ulio kando ya Mto Rhine. Ile ni nchi ya vijiji: kanisa katikati, mnara wenye kengele, nyumba zimelizunguka, mashamba nyuma ya nyumba, makaburi pembeni. Na kengele ndiyo inayowaambia watu saa ya kuamka, saa ya kusali, saa ya kula na saa ya kulala.

Kijiji cha namna hiyo ndicho walichokuja kukisimamisha hapa, si mbali na pale Mto Ruvu unapoingia baharini, mto ambao ramani za zamani ziliuita Kingani. Rhine na Ruvu! Ila kijiji cha kawaida kinataka watu, na mapadre hawakuja na watu. Watu waliwapata kwa namna mbili. Kwanza waliwanunua, hasa watoto, kwenye soko la watumwa la Unguja. Pili, meli za kivita za Waingereza zilipokamata majahazi ya watumwa baharini, baadhi ya waliookolewa walikabidhiwa misheni.

Tafakari kidogo, msomaji. Kijiji kizima ambacho karibu kila mtoto ndani yake amenunuliwa au ametolewa jahazini. Hakuna aliye na mama, hakuna mwenye mjomba. Huyu anasema lugha ya huku, yule ya kule, na wote wanajifunza Kiswahili pamoja kwenye mabenchi ya shule.

Watoto walifundishwa kusoma na dini. Wavulana walifundishwa useremala, uhunzi, uashi na kilimo. Wasichana walikuwa chini ya masista waliotoka Réunion, kisiwa cha Wafaransa katika Bahari ya Hindi. Walipokua waliozeshwa wao kwa wao, wakapewa nyumba na kipande cha shamba, siku nyingine wakilima chao na siku nyingine wakifanya kazi ya misheni. Shamba kubwa la minazi likapandwa. Nguvu ya kazi yote hiyo ilikuwa ni wao.

Haikuwa raha. Mwaka 1869 na 1870 kipindupindu kilipita pwani hii kama moto wa makuti. Aprili 1872 ikaja tufani iliyovunja majengo ya misheni na kuharibu mashamba hapa na Unguja. Nenda leo kwenye makaburi ya mapadre usome misalaba. Utaona vijana waliokuja kutoka Ulaya wakafa kwa homa kabla ya kufika umri wa kuota mvi.

Lakini meza yao haikuwa ya kimaskini. Mwaka 1871 mwandishi wa habari Stanley, akijiandaa kwenda bara kumtafuta Livingstone, alikaribishwa chakula pale, na katika kitabu chake akaisifia meza hiyo pamoja na shampeni yake. Shampeni Bagamoyo, bwana! Nimewahi kuwasimulia wenzangu kijiweni, wakasema natunga.

Sasa nisikilize vizuri, maana hapa ndipo nilipokwama na mpaka leo sijakwamuka.

Pale misheni pana mbuyu mkubwa, na ndani ya shina lake kuna pingili za mnyororo ambazo mti umezimeza. Mgeni akiziona anadhani ni mnyororo wa mtumwa, anasikitika, anatoa kamera. Hapana. Inasimuliwa kuwa mnyororo ule ulikuwa wa punda. Mama mmoja wa Kifaransa, Madame Chevalier, alikuwa akimfunga punda wake pale. Akausahau mnyororo, mti ukakua, ukaumeza.

Hatua chache tu kutoka hapo upo mnara wa kanisa la kwanza, la mwaka 1872. Watu wote wanauita Mnara wa Livingstone. Yeye Livingstone hakuujenga, wala hakuwahi kupanda ngazi zake. Alikufa Mei 1873 kijijini kwa Chitambo, nchi ambayo leo ni Zambia. Watu wake, akina Chuma na Susi, wakaukausha mwili wake, wakaubeba kwa miguu zaidi ya kilomita 1,500, wakafika Bagamoyo Februari 1874. Mwili ukalazwa kanisani usiku mmoja, kesho yake ukavushwa Unguja, na mwezi Aprili ukazikwa Westminster Abbey, London. Usiku mmoja tu, tena akiwa maiti, na mnara ukachukua jina lake.

Punda tunamjua alikuwa wa nani. Maiti aliyelala usiku mmoja tunamjua. Na wale watoto waliopanda minazi, walioishi pale miaka ishirini, thelathini, wakazaa na kufa pale? Waliobatizwa walipewa majina ya kigeni, majina ya watakatifu, na majina waliyopewa na mama zao yakafunikwa. Wahenga walisema usione vyaelea, vimeundwa. Sawa. Lakini vimeundwa na nani?

Kuna jambo jingine ambalo si rahisi kulisema mbele ya wageni wenye kamera. Je, walikuwa huru? Mapadre waliwatoa sokoni, hilo ni kweli, na bila wao wengi wangeishia kwenye mashamba ya karafuu au ng'ambo. Siwezi kulibeza jambo hilo nikiwa nimekaa kivulini na soda yangu. Lakini aliyekombolewa hakuulizwa anataka kwenda wapi. Alilelewa humo, akafundishwa humo, akaozeshwa humo, na kengele ilimwamsha na kumlaza. Wanahistoria waliosoma barua za mapadre wenyewe wanaeleza kuwa baadhi ya watu hao walitoroka kijijini. Mwandishi wa riwaya ndani yangu alishtuka. Mimi nilitaka mtumwa wangu atoroke kwenda kwa Wafaransa, kumbe wapo waliotoroka kutoka kwa Wafaransa!

Nikarudi nyumbani na maswali hayo mpaka kwa bibi yangu mzaa baba.

Bibi ana umri wa miaka themanini na kitu. Nilimkuta uani anachagua mchele kwenye ungo.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba mume wangu. Leo una nini, mbona uso umekukunjana?"

Nikamwambia natoka misheni. Nikamuuliza kama kuna mtu wa ukoo wetu aliyewahi kukaa pale. Mkono wake ukasimama juu ya ungo.

"Nani kakutuma?"

"Hakuna bibi. Nataka kuandika."

"Si uandike mapenzi kama wenzio?"

Nikacheka, yeye hakucheka. Siku ile hakusema zaidi. Nikarudi siku ya pili, nikarudi wiki iliyofuata, nikamletea tumbaku yake. Mara ya nne, baada ya sala ya alasiri, akaanza mwenyewe bila kuulizwa. Nayaandika kama alivyonieleza.

"Bibi yangu mimi alikuwa mtoto wa misheni. Aliletwa mdogo, hajui kutoka wapi, anakumbuka mto tu. Alikua pale, akafundishwa kushona. Alipopata mume wa mjini akatoka, akasilimu, akaja kukaa huku kwetu. Mimi nilimkuta mzee, mimi mtoto. Basi upepo ukivuma kutoka kule, kengele ya misheni ilikuwa inasikika. Na yeye ikilia alfajiri anasimama. Awe amelala fofofo, atasimama katikati ya chumba. Halafu anakumbuka hana pa kwenda, anakaa. Kila siku. Mpaka alipokufa."

Nikamuuliza jina lake.

"Alikuwa na majina matatu. La kwanza la mama yake, hilo alilisahau mwenyewe. La pili la kanisani, hilo hakutaka kuitwa. La tatu la Kiislamu, ndilo tunalomwombea dua."

"Mbona hamkutuambia?"

Bibi akaniangalia kama mtu anayemwangalia mtoto aliyeuliza kwa nini moto unaunguza. "Ukisema bibi yako alinunuliwa, nani atakuja kukuposa? Wewe unadhani haya mambo yaliisha? Serikali iliyafuta, watu hawakuyafuta."

Na kweli, serikali zenyewe hazikuwa na haraka. Mwaka 1873 Sultani Barghash alitia saini mkataba wa kufunga soko la watumwa la Unguja na kuzuia kuwasafirisha baharini. Lakini kumiliki mtumwa kuliendelea. Wajerumani waliotutawala walitangaza tu kwamba watoto watakaozaliwa baada ya mwaka 1905 watakuwa huru. Utumwa ulifutwa kabisa kisheria Tanganyika mwaka 1922, chini ya Waingereza. Kwa hiyo bibi yake bibi alizeeka katika mji ambao watu walijua nani ni wa nani.

Kijiji chenyewe kilimalizika polepole. Tangu mwaka 1877, misheni ya Mhonda ilipofunguliwa, na Morogoro mwaka 1882, familia za Bagamoyo zilichukuliwa kwenda kuanzisha vijiji vingine huko bara. Kwa hiyo, ndugu yangu wa Morogoro unayesoma hapa, usicheke, huenda nawe yanakuhusu.

Mwaka 1888 vita vikaja. Abushiri bin Salim na watu wa pwani walisimama dhidi ya Wajerumani, Bagamoyo ikawa uwanja wa mapigano, nyumba za mji zikaungua. Maelfu ya watu wa mjini walikimbilia misheni. Naipenda picha hiyo, ingawa haimo kwenye kitabu chochote cha hadithi. Waungwana wa mji, waliokuwa wakiwaita wale wa misheni watumwa, sasa wamelala chini ya minazi iliyopandwa na watumwa haohao. Horner hakuyaona, alikuwa amefariki mwaka 1880. Na kwao Alsace kulikuwa kumeshachukuliwa na Ujerumani tangu mwaka 1871. Watu wa Alsace walipoteza nchi yao kwa Mjerumani kule Rhine, wakaja kumkuta tena hapa Ruvu. Abushiri alinyongwa Pangani Desemba 1889. Mwaka 1891 makao makuu ya Wajerumani yakahamia Dar es Salaam, na mji wetu ukaanza kulala usingizi.

Lakini yupo Mfaransa mmoja ambaye sisi tunaotaka kuwa waandishi tunapaswa kumjua. Anaitwa Padri Charles Sacleux. Alifika pwani hii mwaka 1879, akakaa karibu miaka ishirini kati ya Bagamoyo na Unguja, akiokota maneno kama mtu anayeokota kauri ufukweni. Aliandika lahaja hii inasema hivi, lahaja ile inasema vile. Kamusi yake ya Kiswahili kwa Kifaransa ilichapwa Paris mwaka 1939, kurasa zaidi ya elfu moja. Wataalamu wa lugha wanaitumia mpaka leo. Nami nikiifikiria kamusi ile nauliza: maneno hayo aliyasikia vinywani mwa nani? Kazi yake ilikuwa hapo hapo, kati ya watoto, maseremala, washonaji, wavuvi na wapagazi. Huenda neno moja humo lilitoka kinywani mwa yule aliyekuwa akisimama kengele ikilia. Siwezi kujua. Maneno yana tarehe ya kuchapwa. Waliyoyasema hawana.

Sitaki kusema kwamba wote walinyamaza. Miongoni mwa watu waliouleta mwili wa Livingstone alikuwemo kijana anaitwa Jacob Wainwright. Naye alikuwa mtumwa aliyekombolewa, akasomeshwa Nasik, India. Njiani alikuwa anaandika shajara! Katika msafara ule wa miezi tisa, penye njaa na vita, kijana aliyewahi kuwa bidhaa alikuwa na kalamu. Nilipolijua hilo nilijiona mvivu.

Sasa nirudi kwenye riwaya yangu. Nilikuwa nimeshampa mtumwa wangu jina, sura nzuri, mchumba na kisu kiunoni. Baada ya kuzungumza na bibi nimefuta. Si kwamba kutunga ni dhambi. Kutunga ndiyo kazi yetu. Lakini nilijigundua nataka kuziba kwa haraka pengo ambalo bado sijalitazama. Jina la kwanza la bibi yake bibi halipo. Nikimpa jina jingine zuri la kubuni, nitakuwa nimempa la nne, naye hakuomba hata hilo la pili.

Tunapenda kusema mwacha asili ni mtumwa. Methali hii nimeisikia harusini, matangani na redioni. Je, kama asili yenyewe ndiyo utumwa? Nani hapo ameiacha, aliyenyamaza au aliyesema?

Nilimuuliza bibi kama naweza kuyachapisha haya. Alikaa kimya muda mrefu, akamaliza ungo mzima. Akasema, "Andika. Lakini jina langu usiweke, na la kwake usiweke." Nimetii. Ndiyo maana humu mmesoma majina ya mapadre, masultani, wapiganaji na hata mama mwenye punda, lakini la kwetu hamkulikuta.

Ombi langu kwenu, vijana wenzangu mnaoandika. Leo Bagamoyo imo katika orodha ya muda ya urithi wa dunia ya UNESCO tangu mwaka 2006, kama sehemu ya njia ya biashara ya watumwa na pembe za ndovu. Wageni watazidi kuja, na kila mwenye kamera atasimuliwa habari za mbuyu na mnara. Lakini bibi zetu hawako kwenye orodha yoyote, na wanaondoka mmoja mmoja. Kabla ya kubuni sura ya tatu, nenda uani. Peleka tumbaku. Uliza mara nne.

Juzi nililala kwa bibi. Alfajiri nilisikia mlango wa chumba chake ukilia, nikainuka kuchungulia. Alikuwa amesimama katikati ya chumba gizani. Nikamuuliza, "Bibi, vipi?" Akasema anatafuta kanga yake akatawadhe.

Nje kulikuwa kimya. Muadhini alikuwa bado hajaanza.